Ndoto Ni Halali, Nauli Je?

Kila mwaka ikifika Machi, lazima atokee mtu wa kunitumia ile klipu. Lupita Nyong'o, gauni la samawati iliyopauka, sanamu ya dhahabu mkononi, sauti inamtetemeka, anawaambia watoto wa dunia kwamba popote watokapo ndoto zao ni halali. Nimetumiwa na mjomba. Nimetumiwa na mwalimu wangu wa zamani. Mwaka jana nimetumiwa na mtu ninayemdai hela za kazi ya kuigiza, na chini yake ameweka vile vikatuni vya misuli. Sijui alitaka nimjibu nini. Nikamwandikia: "Ahsante, na ile balansi?" Akasoma, akanyamaza. Tiki mbili za buluu hadi leo.

Sasa kabla hamjanirukia: mimi nampenda Lupita. Asubuhi ya tarehe 3 Machi 2014, kule Hollywood bado ni usiku wa tarehe 2, mimi niko kidato cha tatu, nimesimama kibandani Majengo nangojea mahamri na mbaazi, redio ikatangaza kwamba Mkenya ameshinda Oscar. Mama aliyekuwa akikaanga akauliza, "Ni mtoto wa nani?" Mtu akamjibu, "Wa Anyang' Nyong'o." Yule mama akasema, "Aaa," akarudi kwenye karai lake.

Ile "aaa" nimeifikiria miaka kumi na ushei. Wakati ule niliiona ya kijicho. Siku hizi naona yule mama alichambua mambo vizuri kuliko magazeti yote ya wiki ile.

Manake hebu tuitazame safari yenyewe. Lupita alizaliwa Mexico City mwaka 1983, baba yake akiwa huko baada ya familia kuikimbia siasa ya Kenya ya miaka ile. Ami yake alitoweka mwaka 1980, na habari zinasema alitupwa kutoka kwenye feri. Kwa hivyo si familia iliyoletewa kila kitu kwenye sinia, na asije mtu akasema nimesema hivyo. Lakini familia ilirudi, mtoto akakulia Nairobi, akasoma shule nzuri, na akiwa na miaka 14 akaigiza Juliet na kundi la Phoenix Players. Fikiria hapo kidogo. Msichana wa miaka 14 ana ukumbi wa kweli mjini kwao, wenye taa na pazia, na watu wazima ambao kazi yao ni kuigiza. Halafu Waingereza wakaja Kenya kupiga filamu ya The Constant Gardener, iliyotoka 2005, naye akapata kibarua nyuma ya kamera, humo humo ndimo alimokutana na Ralph Fiennes na kumwambia kwamba yeye pia ataka kuwa mwigizaji. Akasomea filamu Hampshire College, Marekani. Mwaka 2009 akaonekana kwenye Shuga, na mwaka huo huo akatoa In My Genes, filamu yake mwenyewe kuhusu watu wenye ualbino Kenya. Akaenda Yale kusomea uigizaji, akamaliza 2012, na kabla hata joho halijakunjwa ameshapata nafasi ya Patsey kwenye 12 Years a Slave.

Kipaji anacho. Bidii anayo, tena ya kutisha. Lakini kila alipoinua mguu alikuta kidato cha ngazi kipo. Sasa sisi tumechukua hadithi yote ile, tukaifuta ngazi, tukabakisha mwanamke aliyepaa. Kisha tunamwonyesha mtoto wa Sparki na kumwambia: paa basi, wangoja nini? Na ukumbi wa Phoenix wenyewe, kidato cha kwanza kile, umeshafungwa. Kwa hivyo hata mtoto wa Nairobi wa leo hana alichokuwa nacho Lupita wa miaka 14, sembuse sisi.

Nawalaumu watu wazima wenye vipaza sauti. Mheshimiwa wa kaunti anayefungua tamasha la vijana, anamtaja Lupita, anapigiwa makofi, anapanda gari lake anakwenda zake. Shirika linaloleta warsha ya siku mbili hotelini, linatupa fulana yenye maneno ya Lupita kifuani na soda moja. Mimi nina fulana tatu za aina hiyo. Moja naipigia deki.

Acha nikupe hesabu ya Majengo. Mimi nilianza kuigiza kwenye tamasha za drama za shule, kama karibu kila mwigizaji wa nchi hii. Shule ikiisha, drama imeisha, kwa sababu Mombasa hakuna mahali pa kuipeleka. Kuna Little Theatre Club, Mungu awape nguvu, lakini ukumbi mmoja haubebi mji mzima. Kwa hivyo usaili ni Nairobi. Treni ya SGR daraja la chini ilikuwa shilingi 1,000. Kuanzia Januari 2024 ikawa 1,500. Kwenda na kurudi 3,000, na hapo hujapanda tuktuk ya Miritini, hujatoka Syokimau kuingia mjini, hujala, hujalala kwa rafiki wa rafiki ambaye yeye pia ataka umletee mabuyu na achari. Basi la usiku kutoka Mwembe Tayari linaweza kuokoa kidogo, nawe unafika kwenye usaili na uso kama leso iliyokamuliwa. Yote hayo usimame mbele ya watu wanne kwa dakika mbili, wakwambie, "Tutakupigia." Nimekwenda mara tisa. Kila safari nimeuza kitu au nimekopa.

Na wanataka nini wakimwona msichana wa Mombasa aliyejifunga mtandio? Hapa ndipo damu huchemka.

Mara tisa hizo nimesoma wahusika hawa: jini, jini tena, binti wa mganga, mke wa mtu aliyejiunga na magaidi, mfanyakazi wa nyumbani mwenye maneno matamu anayemchukua mume wa tajiri wake, na jini wa tatu ambaye huyo angalau alikuwa na jina. Hakuna hata mara moja niliposoma mwanasheria. Hakuna daktari wa meno. Hakuna msichana anayefanya kazi bandarini na kugombana na bosi wake, ilhali nusu ya mtaa wangu yaishi kwa bandari. Kwa waandishi wa tamthilia za Nairobi, Pwani ni mahali pa minazi, uvivu na uchawi. Mswahili akiingia kwenye skrini, muziki hubadilika.

Nafasi niliyoipata ndiyo ile ya jini wa tatu. Sitaitaja tamthilia, wala kampuni, hayo ni mambo yangu na wao na ile balansi. Siku ya kwanza nikasema mistari yangu kwa Kiswahili cha vitabuni, kama kilivyoandikwa. Dairekta akasimamisha. "Hapana, dada. Weka Pwani ndani. Ongea vile wale wamama wa Old Town huongea. Lakini ya kutisha."

Nikasimama pale na rangi nyeupe usoni, nikajiuliza namjua nani anayesema hivyo. Namjua nyanya yangu. Nyanya hasemi "njoo," husema "ndoo." Njia kwake ni "ndia," mchele ni "mtele," machozi ni "matozi." Hicho ni Kimvita, lugha aliyotungia Muyaka mashairi yake mji huu huu miaka karibu mia mbili iliyopita. Mwaka 1928 wakubwa wa serikali za kikoloni walikuja kukaa mkutano hapa hapa Mombasa, wakaamua Kiswahili sanifu kiwe cha Unguja. Sina ugomvi na Unguja. Nasema tu kwamba walikula wali wetu wakaondoka na lugha ya jirani. Basi nikavuta pumzi, nikasema kwa sauti ya nyanya: "Ndoo, mwanangu, ndoo." Wote kwenye seti wakapiga makofi. Ati imewasisimua mwili.

Ilipoonyeshwa tulikuwa sebuleni, nyanya kitini kwake, mtasbihi mkononi, wajukuu chini kwenye mkeka. Nikatokea na macho mekundu. Watoto wakapiga kelele za furaha, ni shangazi yao yumo ndani ya TV. Nyanya akatazama mpaka nikanyamaza, akaniuliza bila hasira yoyote: "Huyo jini mbona yuwasema kama mimi?"

Sikumjibu. Nilijidai naangalia simu.

Sasa rudi kwa Lupita, kwa sababu sehemu ya maisha yake tusiyoiweka kwenye fulana ndiyo iliyonifaa mimi. Baada ya Oscar, amesimulia hadharani, alitarajia ataletewa wahusika wa kila namna. Akaletewa mtumwa mwingine, safari hii ndani ya meli. Yaani Oscar yote ile, na bado wenye pesa walimwona mtumwa. Ukitazama kazi zake za sinema za miaka miwili iliyofuata utaona jambo: Star Wars ya 2015 tunamsikia tu, uso ni wa kompyuta. The Jungle Book ya 2016 ni sauti ya mbwamwitu. Mwanamke ambaye kila jarida lilikuwa likiuza uso wake, sinema kubwa zilimtaka koo. Alipotaka kusimama mbele za watu kwa mwili wake alirudi jukwaani, mwaka 2015, kuigiza Eclipsed, tamthilia ya Danai Gurira kuhusu wanawake wa vita vya Liberia. Mwandishi mwanamke mweusi, mwongozaji mwanamke mweusi, waigizaji wote wanawake weusi. Mwaka 2016 ikaingia Broadway.

Na kuna habari ya lafudhi. Mwaka 2024, kwenye podikasti yake ya Mind Your Own, alieleza jinsi alivyojilazimisha kujifunza Kiingereza cha Kimarekani akiwa Yale, kwa kuona kwamba bila hicho hatapata kazi, na jinsi alivyokuja kuamua kurudi kusema kwa sauti ya kwao mbele ya waandishi wa habari. Niliisikiliza nikiwa ndani ya matatu ya kutoka Buxton, nikapitiliza kituo. Lupita aliambiwa na dunia aitoe Kenya mdomoni ili awe mtu. Mimi niliambiwa niitie Mombasa mdomoni ili nisiwe mtu. Naona ni ugonjwa mmoja.

Tofauti ni kwamba yeye aliweza kukataa. Alikuwa na wakala, jina, akiba na jukwaa la kurudia. Mimi nilichukua ile kazi ya jini kwa sababu nilikuwa na deni la nauli ya kwenda kuitafuta. Anayeniambia "usikubali wahusika wa kudhalilisha" na atangulize 3,000 ya treni kwanza, ndipo tuzungumze maadili.

Najua wengine mmeshaanza kuandika jibu: tatizo ni nyinyi wenyewe wa Majengo, mnawafungia watoto wa kike, dini, buibui, baraza. Na upande wa pili yuko ami yangu, aliyeniambia kabla sijapanda basi la kwanza kwamba mwanamke kujionyesha mbele za watu si desturi yetu. Nawajibu pamoja, kwa sababu wote wawili wamesahau kitu kile kile.

Mji huu ulikuwa na lelemama. Wanawake wa Mombasa, Waislamu, wenye waume na watoto na heshima zao, walijiunga vyama vya ngoma, na vile viwili vikubwa, Ibinaal Watan na Banu Saada, vilishindana kwa miaka mingi. Walikuwa na vyeo, na mavazi ya kushona makusudi, na nyimbo za kuwapiga vijembe wa upande wa pili, na maandamano ya barabarani. Mtafiti Mmarekani, Margaret Strobel, aliandika kitabu kuhusu wanawake hawa, kikatoka 1979. Wazee wetu wa kike walikuwa waigizaji, waongozaji, washonaji wa mavazi na wachangishaji wa pesa, yote kwa mpigo, bila kuomba ruhusa Nairobi. Nilipomweleza ami akanuna. Nyanya ndiye aliyemmaliza: "Mamako mwenyewe alikuwa Banu Saada." Ami akaenda kuswali.

Kwa hivyo hamu ya kuigiza haikuletwa Majengo na Netflix. Kilichokosekana ni mahali. Wazee wanazitaja Regal, Naaz na Majestic kama mtu anavyotaja marehemu, jinsi walivyokuwa wakijipanga kuona picha za Kihindi na kutoka wakiimba. Leo sinema ninayoijua mimi iko Nyali, ng'ambo ya daraja, na bei yake ni ya ng'ambo ya daraja.

Na hapa nataka serikali ya kaunti inisikilize. Katiba ya 2010, Jedwali la Nne, inaorodhesha kazi za kaunti. Chini ya utamaduni na burudani kuna kamari, kuna leseni za pombe, na kuna, kwa maneno wazi, sinema na maonyesho ya video. Orodha moja. Hivyo viwili vya kwanza havijambo, maduka ya kubeti ninayahesabu njiani nikienda dukani. Hicho kingine kimemshinda nani? Siombi jengo la marumaru. Naomba ukumbi mmoja wa umma kisiwani wenye projekta, viti 200, na mtu mwenye funguo anayekuja kazini. Naomba pesa kidogo ya kila mwaka kwa kundi linaloandika kwa Kiswahili cha hapa, itangazwe wazi na ihesabiwe wazi. Na nyinyi wenye kampuni za Nairobi mnaokuja kupiga picha za bahari yetu: usaili wa wahusika wa Pwani ufanyieni Pwani. Watu wanne na kamera moja kupanda treni ni rahisi kuliko sisi mia moja kuwafuata nyinyi.

Msiniambie haiwezekani kwa lugha hii. Mwaka 2021 Amil Shivji alichukua riwaya ya Adam Shafi, Vuta N'kuvute, akaifanya filamu, Unguja ya miaka ya hamsini, na Kiswahili kikasikika Toronto. Yasmin anayemkimbia mume mzee aliyeozwa si jini. Mwajuma, aliyeigizwa na mwanamuziki Siti Amina, ni mwanamke wa mtaani mwenye ucheshi wake na mambo yake, na hakuna muziki wa kutisha anapoingia. Unguja wana tamasha lao la filamu tangu 1998, watu huketi Ngome Kongwe usiku kutazama. Kampala, Mira Nair alianzisha Maisha Film Lab mwaka 2004 kufundisha waandishi na waongozaji wa Afrika Mashariki, na mwaka 2016 akatoa Queen of Katwe, Lupita akiwa ndani, pamoja na Madina Nalwanga, msichana wa Kampala ambaye hakuwa na jina lolote. Madina hakuambiwa apae. Kamera ilimfuata kwao. Sisi tuna Fort Jesus, na mtoto wa Majengo huingia humo kwa safari ya shule.

Kuna siku nilimkasirikia Lupita mwenyewe, nikiri. Niliona angenyamaza tu usiku ule, aseme ahsante mama, ashuke. Siku hizi simlaumu. Alikuwa na sekunde chache na sanamu nzito mkononi, akasema neno la upole kwa watoto. Sisi ndio tuliolichukua neno lile tukalitumia kama risiti, kana kwamba deni limeshalipwa.

Juzi wamenipigia tena. Tamthilia inarudi, jini naye anarudi, watazamaji wamempenda. Safari hii wataongeza pesa, na ile balansi ya zamani "italipwa pamoja." Nimewaambia nitawapa jibu Ijumaa. Nina kodi ya miezi miwili, kwa hivyo msinipigie makofi bado. Nimewapelekea ujumbe wenye mambo matatu: balansi ije kwanza kwa M-Pesa, nauli walipe wao, na jini ama asemee Kiswahili sanifu kama binadamu wengine humo ndani, au binadamu wengine nao wapewe Kimvita. Bado tiki moja.

Na mpwa wangu wa miaka 13, yule aliyekuwa mkekani, jana amenijia jikoni. "Shangazi, nifunze kusema kama Lupita." Nikamuuliza, Lupita wa mwaka gani? Hakuelewa. Nikafuta mikono, nikamkalisha kwenye kibao cha mbuzi, tukaanza na mistari ya nyanya.